Siku Mama Alipokataa Kunyolewa

Kule Tottenham, hapa London, upande wa nyuma wa soko, kuna duka la vitambaa la Mnaijeria mmoja ambalo mimi nikilifikia huwa navuka barabara. Si kwamba nina ugomvi na mwenye duka. Ni harufu yake. Kitambaa kipya chenye wanga, kimechanganyika na vile vidonge vyeupe vya kufukuza nondo, na juu yake harufu ya samaki wakavu wanaouzwa mlango wa pili. Wiki iliyopita mvua ilinishika hapo hapo, basi halionekani, nikajibanza mlangoni pao. Harufu ikaingia puani, na mimi mwanamke mzima, hamsini nimezipita, nina begi langu la vifaa vya usafi begani, nikajikuta nimejishika kiuno kwa mikono miwili kama mtu anayeogopa kuvuliwa nguo mbele za watu.

Nitawaeleza kwa nini. Mnisamehe maneno yakipandana, maana shule mimi niliishia darasa la tano, na aliyenitoa shule nitamtaja. Wengine nao nitawataja. Wapo walioniambia nisahau, yamepita hayo, mtoto wa miaka tisa anajua nini. Sawa. Lakini wao hawakufunguliwa kiuno.

Baba yangu aliitwa Dagogo, Mkalabari wa Buguma, kule Nigeria mito inakojigawa na kujigawa mpaka mtu hajui tena kama yuko mtoni au baharini. Alikuwa fundi wa taa za reli. Mama yangu ni Mbondei wa Muheza, Tanga, alikuja London kusomea uuguzi akakutana na Baba kanisani, wote wawili wamekosea mlango wanatafuta ibada ya Kiingereza wakaingia ya Kigiriki. Walioana. Baba akatuma mahari Muheza, na mkaja wa bibi akautuma, na koti la babu lenye mifuko minne, ambalo babu alilivaa kwenye joto la Muheza mpaka likamfia mwilini. Kwa watu wa Mama, ndoa ilikuwa imekamilika, haina doa. Kumbukeni hilo koti na huo mkaja, maana upande wa pili havikuhesabiwa kitu.

Tulikaa kwenye esteti ya kaunsili, yaani nyumba za kupanga za manispaa, ghorofa ya sita, lifti inafanya kazi ikijisikia. Jumapili Baba alikuwa akimenya ndizi huku akinieleza habari za Nyumba. Si nyumba ya matofali, aliniambia. Zamani Wakalabari waliishi kwa Nyumba, na kila Nyumba ilikuwa na chifu wake, wapiga makasia wake, na biashara yake ya mawese na Wazungu wa meli. Mtu hakupewa Nyumba kwa sababu tu baba yake alikuwa nayo. Alipaswa aweze kuushusha majini mtumbwi wa vita, mrefu, wenye mzinga mbele, na awe na watu wa kuujaza. Yetu iliitwa Nyumba ya Tekenari, kwa jina la huyo aliyeushusha mtumbwi wa kwanza, na Baba alikuwa wa mstari wake hasa. Mimi nilimsikiliza huku nikiitazama fleti yetu yenye vyumba viwili na ukungu dirishani, nikawaza kwamba siku moja mtumbwi utapita mtaani kuja kutuchukua. Sikuona ajabu. Mtoto haoni ajabu.

Baba alikufa asubuhi akiwa anafunga kamba za viatu. Kiatu kimoja alikuwa ameshakifunga. Mama, nesi, alifanya yote waliyomfundisha, akayarudia, na moyo haukukubali.

Basi, ndipo Nyumba ilipokuja. Si kwa mtumbwi, kwa treni na kwa mabasi. Mwili ulikuwa mochari, unangoja ndege ya kuupeleka Buguma, lakini kwa wale wasioweza kusafiri ilibidi hapa London napo awekewe kitanda. Kwao mtu mkubwa akifa hulazwa kwenye kitanda kilichopambwa kwa vitambaa vya thamani vya Nyumba, ukutani, darini, kila mahali, na watu husoma vitambaa hivyo kama wengine wasomavyo kitabu: hapa pana ukuu, hapa pana uzee, hapa pana mabinti walioolewa vizuri. Kazi hiyo ni ya wanawake. Basi wanawake wakapanda ngazi ghorofa sita, lifti siku hiyo haikujisikia, na mafurushi vichwani, wakihema na kutukana kaunsili kwa lugha nisiyoijua. Nyuma yao wanaume wamevaa kanzu fupi nzito za vifungo vya dhahabu, kofia nyeusi za duara kama mameneja wa benki wa zamani, na fimbo za kutembelea. Jirani yetu Mjamaika alichungulia akamuuliza Mama kama nimepata mchumba.

Aliyeamuru kitanda alikuwa bibi mmoja mdogo wa umbo, Bibi Awoba. Alikuja Wembley kumtembelea mjukuu wake, na kwa kuwa hapakuwa na mwanamke wa Nyumba aliyemzidi umri mjini humu, kitanda kikawa chake. Kiingereza hakujua. Alikuwa anaonyesha kwa kidevu. Kidevu kikienda kushoto, wanawake watano wanahamisha kitambaa kushoto. Aliyekuwa akitafsiri ni Shangazi Ibinabo, dada yake Baba, wa Ilford, mwanamke mrefu mwenye sauti nzuri ambaye mimi nilimpenda kuliko Krismasi. Nawaambia hivyo mapema, msije mkadhani nilimchukia tangu mwanzo.

Siku hiyo ilikuwa Jumamosi, mchana. Godoro la Baba na Mama lilikuwa limevikwa kitambaa chekundu cha miraba, na juu yake kingine ambacho Bibi Awoba alikuwa bado anakifanyia kazi. Alikaa sakafuni na wembe, anakata nyuzi moja moja ndani ya kitambaa na kuzivuta nje, taratibu, mpaka kwenye miraba ile ikabaki michoro ya mwanga. Nilimwuliza Shangazi kwa nini anakiharibu. Akacheka, akasema kitambaa cha dukani ni cha kila mtu. Mkishakitoa nyuzi, ndipo kinakuwa chenu. Kile kilichopunguzwa ndicho chenye thamani. Nilikaa karibu na bibi yule, nikawa nakusanya nyuzi anazotupa, na yeye akawa ananipa bila kunitazama, kama mtu anayemlisha kuku. Kisha Shangazi akachana ukanda wa kitambaa hicho hicho, akanifunga kiunoni, fundo upande wa kushoto, akasema mtoto wa marehemu lazima aonekane. Atakaa miguuni pa kitanda. Na wiki ijayo atapanda ndege na baba yake, akakae miguuni pa kitanda kikubwa, Buguma.

Nilifurahi. Baba yangu amekufa na mimi nimefurahi, mwaona mambo ya watoto. Nilichotaka sasa kilikuwa kimoja tu duniani: nikae pale, nipande ile ndege, nimfikishe Baba kwao.

Picha ya Baba iliegemezwa kwenye mto, kofia yake pembeni, fimbo ya babu yake katikati ya godoro mahali ambapo angelala. Kitanda cha mtu ambaye hayumo. Mama alisimama mlangoni mwa chumba chake mwenyewe kama mgeni, mikono ameifumbata. Alinong'ona kwa Kiswahili, "Wamenihamishia duka zima la Mhindi." Nikacheka, Shangazi akanifinya.

Ndipo akaja Alabo Sokari. Alabo ni chifu. Huyu alikuwa binamu yake Baba, mkubwa kwake, mnene, mwenye shanga nyekundu shingoni na sauti ya mtu aliyezoea kipaza sauti. Alifika mwisho ili sote tusimame kumpokea. Wakampa kinywaji, akamimina kidogo kwenye sahani kwa ajili ya waliotangulia, maana kapeti ilikuwa ya kaunsili, na akaanza kuisimulia Nyumba. Nawaambia, alijua kusimulia. Alipiga meza yetu ya chakula kwa vidole kama ngoma. Akasema jinsi Tekenari alivyofika Kalabari mtoto mdogo ndani ya mtumbwi wa mtu mwingine, kasia lake refu kuliko yeye. Jinsi alivyopiga kasia mpaka akakabidhiwa usukani, kutoka usukani akakabidhiwa biashara, kutoka biashara akaushusha mtumbwi wake wa vita, na watu waliomcheka wakaja kuomba hifadhi chini ya paa lake. Wanawake walikuwa wanaitikia. Mimi nywele zilinisimama. Ilikuwa ile hadithi ya Baba, lakini yenye ngoma.

Aliponyamaza kunywa, nikauliza, kwa Kiingereza changu cha shule, nikiwa na adabu zote na mkono nimeunyoosha, "Huo mtumbwi ulimtoa wapi?"

Hamjawahi kusikia ukimya kama ule. Hata maji ya bomba jikoni niliyasikia. Mzee mmoja akatazama kofia yake. Shangazi akanishika bega, safari hii si kufinya, akalishika tu, na vidole vyake vilikuwa baridi. Bibi Awoba hakujua Kiingereza, lakini mtu alimnong'oneza, na yeye peke yake ndiye aliyenitazama. Alinitazama muda mrefu, mimi na ule ukanda wangu, na wembe wake ukasimama juu ya kitambaa.

Alabo Sokari aliweka kinywaji chini. Alifuta mdomo. Akasema, kana kwamba swali halikuulizwa, kwamba sasa ijulikane nani atakwenda na mwili na nani atakaa wapi. Na akamgeukia Shangazi akamwuliza, kwa Kiingereza, makusudi ili Mama asikie: mdogo wetu Dagogo alimwoa huyu mwanamke kwa ndoa ipi?

Hapa nisimame niwaeleze kitu ambacho Mama hakukijua, wala mimi. Kwao kuna ndoa kubwa, wanaiita iya, yenye vitambaa na taratibu zake zote mbele ya Nyumba, na mtoto wa ndoa hiyo ni wa Nyumba ya baba. Halafu kuna ndoa ndogo. Mtoto wa ndoa ndogo ni wa Nyumba ya mama. Si haramu, wala si aibu. Anapendwa, anabebwa, lakini siku ya kuhesabu anahesabiwa kwao na mama yake. Na kwa mwanamke wa Kikalabari hilo si tatizo, kwa kuwa mama yake naye ana Nyumba, mtaa wa pili tu. Sasa wewe mwambie hivyo mwanamke wa Muheza.

Mama akasema kwamba mahari ililipwa. Akataja mkaja. Akalitaja koti. Alabo Sokari akatikisa kichwa kwa huruma kubwa, ile huruma inayokuja na tabasamu, akasema hayo ni mambo ya watu wa Tanzania na yeye anayaheshimu, ila Nyumba haikuona kitambaa hata kimoja. Kwa hiyo mtoto huyu si wa Nyumba ya Tekenari. Hatakaa kitandani. Hatasafiri.

Sikuelewa yote. Nilielewa "hatasafiri."

Namtaja huyo wa kwanza: Sokari. Kiti cha Nyumba kilikuwa wazi mwaka ule, na mstari wa mwanzilishi ulikuwa umebaki na Baba, na baada ya Baba, mimi. Ukifungwa, wa pili ulikuwa wake. Alikikalia mpaka uzee.

Wakati wanaume wanatikisa vichwa kukubali, Bibi Awoba akaweka wembe chini, akainuka. Alitembea mpaka mlangoni kwa Mama, akamshika mkono wa kulia kwa mikono yake miwili, akaanza kusema. Alisema maneno mengi. Hakuwa anapaza sauti. Aliugusa mkono wa Mama, akagusa tumbo lake mwenyewe, akaonyesha kichwa cha Mama, akaonyesha mdomo, na mwisho kidevu chake kikanielekea mimi, miguuni pa kitanda. Wanawake walinyamaza tena, lakini ukimya huu ulikuwa wa namna nyingine, kama wa kanisani. Mmoja alianza kulia.

Mama akamtazama Shangazi. "Wifi, anasemaje?"

Kwa Kiingereza alisema "dada", lakini mimi nikilikumbuka nalikumbuka "wifi".

Shangazi Ibinabo alimtazama Alabo Sokari. Alabo Sokari alikuwa anamtazama yeye, si Bibi Awoba wala si Mama. Kisha Shangazi akatafsiri yale maneno mengi, hivi: "Anasema anataka uwe mtoto wake. Atakunyoa nywele na atakulisha."

"Halafu?"

"Basi. Ndivyo anavyosema."

Sasa mfikirie Mama. Mjane wa siku tano. Bibi yake aliyemlea alikuwa akiwasimulia watoto, huku akiwasuka, habari za miaka ya njaa kule Bonde, jinsi watoto walivyowekwa rehani kwa chakula, na kitu cha kwanza alichofanyiwa mtoto akifika kwa mwenye chakula ni kunyolewa na kupewa jina lingine. Kwao, anayenyolewa na mtu asiye wake ni mateka. Na hapa yuko nyumbani kwake, mume ametolewa, godoro limechukuliwa, mtoto amekataliwa, na bibi kizee na wembe anataka kichwa chake pia.

Mama hakupiga kelele. Alimwinamia yule bibi kidogo, kwa heshima, kama tunavyowainamia wazee, na akautoa mkono wake taratibu kwenye ile mikono miwili.

"Mwambie namshukuru," alisema. "Lakini mimi sina shida ya mama. Mama yangu yuko Muheza, mzima."

Shangazi akatafsiri. Hiyo aliitafsiri yote, nadhani, maana uso wa Bibi Awoba ulijifunga kama mlango wa duka jioni. Akarudi sakafuni, akauchukua wembe, akaendelea na nyuzi zake.

Alabo Sokari akasema basi imekwisha, mtoto ni wa mama yake, abaki naye. Na Mama, mama yangu, akasema asante. Alisema mara mbili. Siku zote tano alikuwa hajalala kwa hofu kwamba watu hawa watanichukua Buguma wasinirudishe, kwa kuwa alikozaliwa yeye mtoto ni wa baba na mama hana la kusema. Sasa chifu mwenyewe ametamka mbele ya watu kwamba mtoto ni wake. Alidhani ameshinda. Alinivuta kwake akanikumbatia, na mimi nilikuwa nasukuma, nataka kurudi miguuni pa kitanda.

Shangazi Ibinabo akapiga magoti mbele yangu akalifungua lile fundo. Hakunitazama usoni. Ukanda ulipotoka, gauni langu la shule likafunguka kifungo cha ubavuni, na watu wote wale, na kofia zao, na shanga zao, wakaona chupi yangu yenye picha ya bata. Huyo ndiye wa pili ninayemtaja.

Baba alipanda ndege bila sisi. Mama aliendelea na shifti zake za usiku, kisha akaacha kula, kisha watu wa soshali, wale wa ustawi wa jamii, wakaanza kuja na maswali, na kabla hawajanichukua akanipeleka Muheza kwa bibi. Huyo mama mzima aliyemtaja siku ile ndiye aliyenilea, na kwa hilo Mama hakusema uongo. Ndiko nilikojifunza Kiswahili cha kuandika haya. Lakini mjomba Petro, kaka yake Mama, na huyu ni wa tatu, alikuwa na msemo wake kila nilipoomba kitu: mtoto ni wa baba, nenda kwa baba yako. Alinitoa darasa la tano nikamwuguze bibi, maana, alisema, ukoo hausomeshi mtoto wa ukoo mwingine. Watoto wake waliniita popo. Si ndege, si mnyama, hana wa kumzika. Fikirini: mtoni wamesema mtoto ni wa mama, bondeni wamesema mtoto ni wa baba, na wote wana mila, na wote wanaapa kwa wazee wao. Nilikaa chini ya mnazi wa nyuma ya jiko nikijaribu kupiga hesabu hiyo. Mpaka leo haijakubali.

Nilirudi London msichana mkubwa, nikaanza kusafisha maofisi, na ndiyo kazi yangu hadi sasa. Naishi na Mama, amefika themanini. Siku ile ya mvua nilipotoka kwenye mlango wa duka, nilikuwa nimeamua. Jumapili iliyofuata nikamwambia Mama naenda kwa watu wa Baba, nikapanda treni mpaka Ilford, sikupiga simu. Nilikuwa na hotuba nzima kichwani, ya miaka arobaini na zaidi.

Shangazi Ibinabo alifungua mwenyewe. Amekunjamana, anatembelea kiunzi cha magurudumu, ile sauti tu ndiyo imebaki. Alinitambua kabla sijasema jina. "Umekuja kunitukana," alisema. "Nitukane kwanza, halafu tunywe chai."

Nikamtukana. Chai ilipoa. Nilipoishiwa pumzi nikamwuliza swali lililobaki: yule bibi alisema maneno mengi, wewe umetafsiri mawili, mengine yako wapi?

Aliutazama mlango. Kisha akaniambia, na alikuwa ananong'ona ingawa tulikuwa wawili tu.

Bibi Awoba alisema hivi: nitamfanya mwanamke huyu binti yangu, nitamnyoa kama anavyonyolewa mtoto mchanga, nitamlisha kwa mkono wangu, na tangu leo atakuwa amezaliwa na mimi ndani ya Nyumba. Mkisema mtoto ni wa Nyumba ya mama, sawa, mama yake ni wa Nyumba hii. Mtoto na abaki alipokaa.

"Kwa nini hukusema?" nilimwuliza. "Lilikuwa jambo la nusu dakika."

"Mama yako angeniuliza hiyo mila imetoka wapi," alisema Shangazi. "Na wewe ulikuwa umeshauliza. Unadhani Nyumba ilijazwaje, mwanangu? Mtumbwi unataka watu hamsini. Walinunuliwa. Watoto, kutoka bara. Wakifika wananyolewa, wanapewa mama, wanalishwa, na tangu hapo wamezaliwa hapo. Tekenari mwenyewe. Na mama yake Awoba, huyo tulimjua, aliletwa msichana mdogo. Lakini hatusemi. Kwetu kumwambia mtu ametoka wapi ni kumtoa. Ukilisema hilo la Awoba mbele za watu, umemrudisha mtumbwini."

"Sokari alijua?"

"Ndiyo maana alinitazama mimi. Alijua nitalazimika kumuua mmoja, mama yako au Awoba." Alisukuma kikombe. "Na mume wangu alikuwa anamtegemea Sokari. Hilo nalo liweke."

Nililiweka. Nimeliweka, na bado sijui niliweke wapi. Kwenye treni ya kurudi nilitafuta hasira yangu nikaiona imetawanyika, kipande kwa huyu, kipande kwa yule, hakuna aliyebeba ya kutosha. Sokari alisema mila ya kweli kwa nia ya uongo. Ibinabo alificha kwa woga na kwa heshima, na mimi siwezi kuzitenganisha. Mama aliukataa utumwa uliokuwa si utumwa, au uliokuwa ni huo huo utumwa, umegeuzwa kuwa jamaa. Mtoto wa miaka tisa aliona bibi kizee anataka kumnyakua mama yake. Imenichukua mpaka nywele hizi nyeupe kuelewa kwamba bibi yule alikuwa anatoa kitu pekee alichokuwa nacho, kile alichopewa mama yake akiwa hana mtu, na kwamba alikatazwa kusema kwamba yeye ndiye anayeijua thamani yake.

Nyumbani nilimkuta Mama jikoni, anachambua mchele kwenye sinia. Mchele wa hapa hauna mawe, ila vidole vyake havijui. Akauliza bila kuinua macho, "Wale watu wanasemaje?"

Njia nzima nilikuwa nimeyapanga maneno. Nikaitazama ile mikono. Mama ameyapitia yote, mume, Muheza, soshali, goti baya, akiegemea jambo moja tu: kwamba siku ile, mbele ya machifu, alimwokoa mwanawe.

"Wanakusalimia," nikasema.

"Mmh." Akapepeta sinia kidogo. "Yule bibi aliyenishika mkono, atakuwa ameshakufa. Mikono yake ilikuwa ya moto, Soibi. Nimeshikwa mikono na wagonjwa wengi, sijawahi kuona mikono ya moto vile." Akatoa punje moja isiyo na kosa lolote, akaitazama, akaitupa. "Mpaka leo sijui alitaka nini kwangu."

Nikavuta kiti, nikauingiza mkono wangu kwenye mchele upande wa pili.

"Hata mimi sijui, Mama," nikasema.